Mdudu Asiye na Safu: Misimbo ya Vimelea Adimu katika Kliniki za Majengo



Nimeombwa nizungumzie namna ya kuweka misimbo ya vimelea ambao hatuwaoni kila siku. Rai yangu ni kwamba ugonjwa adimu haupotelei chumba cha rekodi. Hupotea mapema, pale mtabibu anapoandika "jipu" au "kidonda cha mguu" kisha akamwita mgonjwa mwengine. Sisi tunaopokea faili hatuna ruhusa ya kubuni utambuzi. Tukiandikiwa jipu, tutaweka msimbo wa jipu.

Tuanze na funza, maana huyo angalau kila mtu anamjua. ICD-10, ainisho la magonjwa lililoidhinishwa na Shirika la Afya Duniani mwaka 1990, imempa msimbo wake mwenyewe, B88.1. Jirani yake ni B88.0, msimbo wa maradhi ya utitiri yasiyokuwa upele. Wanaotafuta kwa faharasa ya Kiingereza wajihadhari hapa: "jigger" yuko B88.1, "chigger" yuko B88.0. Huyo wa pili ni kiluwiluwi cha utitiri wa nyasini, huuma kisha akaondoka zake. Wa kwanza ni kiroboto jike, Tunga penetrans, ambaye hujichimbia ngozini, akavimba kwa mayai hadi ukubwa wa njegere, na kwa kawaida hufa humo humo baada ya wiki nne hadi sita. Kompyuta haitakukosoa ukichagua asiye wako, kwa kuwa yote miwili ni misimbo halali.

Funza si mwenyeji wa bara hili. Aliletwa Angola mwaka 1872 na meli iliyoitwa Thomas Mitchell, iliyotoka Brazil, na haikuchukua hata miaka thelathini kabla hajafika pwani ya Afrika Mashariki, akifuata njia za misafara. Nasimulia haya kwa sababu safari ndiyo kiini cha tatizo letu hapa Majengo, Mombasa. Mabuu ya funza hukulia kwenye vumbi na mchanga mkavu, na nyumba zetu nyingi za Kiswahili, za vyumba vinavyotazamana kwenye ukumbi mmoja, zina sakafu ya saruji. Mtoto anayeletwa kliniki vidole vimejaa funza yamkini ametoka likizo kwa bibi yake, Kwale au Kilifi. Lakini daftari la wagonjwa wa nje linauliza makazi, nayo makazi yake ni Majengo. Basi takwimu zitasema Majengo kuna funza, na dawa ya kupuliza sakafuni itapelekwa kwenye saruji huku nyumba ya bibi ikisahauliwa. ICD-10 haina tarakimu ya kusema "aliupata wapi". Pahali pa kuliandika hilo ni kwenye maelezo ya mtabibu, kwa maneno matatu tu: "alikuwa Kwale juzi."

Kidonda cha funza kikishaingia uchafu, kidole huvimba na kutunga usaha. Wengi huandika uambukizo wa ngozi ya kidole cha mguu, L03.0, wakaishia hapo. Andikeni vyote viwili, funza na uambukizo. Ukitibu usaha bila kumtaja funza, mwezi ujao mtoto huyo huyo atarudi na L03.0 nyingine, na hakuna atakayejiuliza kwa nini.

Sasa tumuangalie buu wa nzi Cordylobia anthropophaga. Huyu ndiye hasa anayetuponyoka. Nzi hutaga mayai kwenye mchanga wenye mkojo au kwenye nguo mbichi zilizoanikwa kivulini. Buu akitoka hupenya ngozi ya mvaaji, na siku chache baadaye hutokea kitu kinachofanana sana na jipu: mgongoni, kiunoni, makalioni kwa mtoto wa nepi. Kikiandikwa jipu, kitaangukia L02, na mgonjwa ataondoka na viuavijasumu asivyovihitaji. Tazameni juu ya uvimbe. Kuna kitundu, na mara nyingi kitu kinachezacheza ndani yake, kwa sababu buu anahitaji hewa. Kitundu kikizibwa kwa mafuta mazito ya mgando, buu hujitokeza mwenyewe akakamatwa. Msimbo wake ni B87.0. Muulizeni mama nguo zinaanikwa wapi na kama hupigwa pasi, mishono ikiwemo, kwani moto wa pasi huua mayai.

Kuna tarakimu mbili za mwisho ambazo watu huzitumia kama pacha, nazo si pacha. B88.8 maana yake tunamjua mdudu, ila hana msimbo wake. B88.9 maana yake hatukumtambua. Wala tusiseme haraka kwamba kitabu hakimjui mdudu wetu: chini ya B88.8 kimeorodheshwa hata kisamaki cha mto Amazon kinachosemekana kuingia njia ya mkojo. Kama samaki huyo amepata nafasi, tufungue kwanza faharasa.

Kunguni tuwaache nje ya B88. Wao hukaa kitandani, hawakai mwilini, na tunachotibu ni maumo yao. Hali kadhalika kile kidudu chekundu kwa cheusi tunachokiita Nairobi flai: hakiumi, maji yake ndiyo huunguza ngozi kikipondwa, kwa hiyo huo ni mwasho wa ngozi, L24.

La busha ni zito zaidi. Mzee akipasuliwa, faili husema N43.3, yaani busha lisilobainishwa. Pwani yetu ina historia ndefu ya matende, ambayo minyoo yake huleta pia busha, na mwaka 2018 watu wa Jomvu, kaunti hii hii, walipewa dawa tatu kwa pamoja dhidi ya minyoo hiyo. Hata hivyo siwezi mimi, mtu wa rekodi, kugeuza N43.3 kuwa B74.0, msimbo wa minyoo hiyo, kwa kuwa mgonjwa ni wa Pwani. Daktari akiona chanzo ni minyoo, aandike.

Halafu kuna fomu ya MOH 705, muhtasari wa kila mwezi wa wagonjwa wa nje, inayoingia katika mfumo wa taifa wa takwimu za afya, ambao tangu 2011 uko mtandaoni. Funza ana safu yake humo. Buu hana, humezwa na "magonjwa ya ngozi". ICD-11, iliyoanza kutumika tarehe 1 Januari 2022, inaruhusu kuunganisha misimbo ili kuongeza maelezo, lakini nayo hula kile ilicholishwa.

Ninachopendekeza ni karatasi ndogo ya kuulizia, ibandikwe kwenye faili na kurudishwa kwa mtabibu siku hiyo hiyo kabla mgonjwa hajasahaulika. Iwe na maswali matatu: mdudu gani, sehemu gani ya mwili, na mgonjwa alilala wapi mwezi uliopita. Mtabibu ajibu na kutia sahihi. Na tuwe na daftari moja la ziada, hata la mkono, kwa wale wadudu wasio na safu katika 705, lipelekwe kwa afisa wa takwimu wa kaunti ndogo pamoja na fomu ya kila mwezi.