Gari Dogo Lenye Nguvu Kubwa: Tulirembe, Tulikaze, Tufike Salama

Hotuba ya Ofisa Uhusiano wa Polisi katika baraza la usalama la mafundi wa gereji, wenye magari na viongozi wa mitaa, mpakani mwa Uganda na Kenya



Tumezoea kukutana hapa kuzungumzia wizi wa mifugo, magendo na watoto wanaopotea. Leo tumekuja na jambo ambalo huenda baadhi ya wazee wataliona ni la mchezo. Tunataka kuzungumza juu ya gari dogo la mlango wa nyuma, Toyota Starlet, na juu ya vijana wetu wanaolikaza injini, kulishusha chini na kulirembesha. Si la mchezo. Jambo hili linawapa watu riziki, na mwaka uliopita lilimvunja mguu mtoto wa shule.

Tuanze kwa kulipa gari hilo haki yake. Starlet lilianza kutengenezwa Japani mwaka 1973. Katika miaka ya mwanzo lilikuwa likisukumwa na magurudumu ya nyuma. Tangu mwaka 1984 likawa linavutwa na magurudumu ya mbele. Mifano tunayoiona sana mitaani kwetu ni ile ya EP82, iliyotoka mwishoni mwa mwaka 1989, na EP91 iliyoifuata mwaka 1996. Uzalishaji ulikoma mwaka 1999, Vitz lilipochukua nafasi yake. Kwa hiyo hata Starlet lililo changa kuliko yote ni gari la umri wa mtu mzima. Tena Uganda, kwa sheria ya mwaka 2018, haipokei tena magari yaliyozidi miaka 15, na Kenya ukomo wake ni miaka 8. Maana yake ni kwamba haya tuliyo nayo ndiyo yaliyobaki. Kijana anayelitunza Starlet anatunza kitu ambacho hakitaletwa kingine, na fundi anayelijua vyema ana ujuzi wa thamani. Hilo tunaliheshimu.

Siri ya mapenzi ya vijana kwa gari hili iko kwenye injini. Starlet nyingi zina injini ya sentimita za ujazo 1,331. Injini ya kawaida ya aina hiyo, 4E-FE, katika EP82 ilitoa nguvu farasi 100. Ndugu yake, 4E-FTE, ina ukubwa uleule lakini imefungwa tabo, na kiwandani ilipewa nguvu farasi 135. Hiyo ndiyo iliyowekwa katika Starlet GT na baadaye katika Glanza V. Nguvu farasi 135 katika gari lisilofika uzito wa tani moja ni nguvu nyingi. Basi vijana hununua nusu ya mbele ya gari lililokatwa Japani, wakaitoa injini ya tabo na kuipachika katika Starlet la mama au la mjomba.

Mafundi waliotangulia wanajua kwamba kiwanda hakikuongeza tabo peke yake. Kilipunguza mgandamizo wa injini, kutoka 9.6 kwa 1 hadi 8.2 kwa 1, kikaimarisha pistoni, kikaweka nozeli kubwa zaidi na kipoza hewa. Pia kiliikusudia injini hiyo kwa petroli ya daraja la juu ya Japani. Anayechukua injini ya kawaida na kuifunga tabo bila marekebisho hayo, au anayeipandisha presha ya tabo kupita kiasi kwa petroli yetu ya kawaida, ataisikia injini ikigonga kama kokoto ndani ya kopo. Huo ni mlio wa pistoni inayoelekea kutoboka. Huku kwetu, zaidi ya mita 1,100 juu ya usawa wa bahari, hewa ni nyepesi na injini hupungukiwa nguvu, na ndiyo sababu wengi hushawishika kuongeza presha. Lakini tabo inayozungushwa kuliko kipimo chake huchemka, na mwenye gari hubaki njiani usiku. Tumewavuta wengi.

Sasa tulizungumze lile lililotukutanisha. Jioni moja ya siku ya soko, Starlet lililoshushwa lilikuwa likitoka mjini. Dereva hakuwa mlevi, na mwendo wake haukuwa wa kutisha. Mwanafunzi alivuka barabara, dereva akakanyaga breki, gari likavuta upande mmoja na kumgonga mtoto pembezoni mwa barabara. Mtoto alivunjika mguu mahali pawili. Tulipolikagua gari tuliona kwamba springi za mbele zilikuwa zimekatwa kwa msumeno, na kwamba tairi pana lilikuwa likisugua mpira wa breki wa upande wa kushoto kila usukani ulipokatwa. Mpira ulisagika kidogo kidogo kwa majuma mengi. Siku ile ulipasuka. Breki za gari hili zimegawanywa katika mikondo miwili ili mmoja ukifa mwingine ubaki, na ni huo uliobaki uliomwokoa mtoto asife.

Fundi aliyezikata springi hizo yuko miongoni mwetu leo. Hatutamtaja jina. Ndiye aliyekuja kituoni kwa hiari yake akatuomba tuliitishe baraza hili, akisema kwamba alifunzwa kukata springi na aliyemtangulia, naye akawafunza wawili wengine. Amekwisha kuwaendea wazazi wa mtoto, na wazee wamekaa nao. Waswahili husema mchuma janga hula na wa kwao. Sisi tunaongeza kwamba anayeungama janga huwakinga na wengine.

Kwa nini springi isikatwe? Springi ya mbele ya Starlet hukaa kati ya vikombe viwili juu ya shokapu. Ikiwa fupi kuliko ilivyopimwa, gurudumu likishuka shimoni springi hulegea na kuhama kikombe chake. Gari likirudi juu, springi yaweza kukaa upande. Tena shokapu iliyotengenezwa kwa urefu wa kawaida hufika mwisho wake upesi na kufa. Atakaye kulishusha gari anunue springi fupi zilizotengenezwa kwa kazi hiyo, pamoja na shokapu zinazolingana nazo, kisha apime mwelekeo wa magurudumu. Akishamaliza, aukate usukani hadi mwisho kila upande, gari likiwa limebeba watu wanne, atazame kama tairi linagusa chochote. Kazi hiyo haimalizi dakika kumi, na ingeuokoa mguu wa yule mtoto.

Kuhusu rimu na tairi, hesabu ni nyepesi na kila kijana aweza kuifanya. Tairi la 155/80 la rimu ya inchi 13 lina kipenyo cha milimita 578 hivi. Tairi la 195/50 la rimu ya inchi 15 lina milimita 576. Yanalingana, gari litapendeza na mita ya mwendo haitadanganya. Lakini ukiweka 195/60 la inchi 15, kipenyo hufika milimita 615. Hapo mita ikionyesha 50, gari linakwenda 53, na tairi huanza kutafuta mahali pa kusugua. Upana wa tairi nao usizidi ule ambao bodi inaufunika.

Kuhusu breki, tunawaomba mafundi mshike kanuni moja: nguvu isiongezwe kabla ya breki. Starlet la kawaida lina diski mbele na ngoma nyuma, zilizopimwa kwa injini ya kawaida. Mwendo ukiongezeka mara mbili, umbali wa kusimama kwa breki huongezeka mara nne. Katika lami kavu, dereva mwenye breki nzuri anayekwenda kilomita 50 kwa saa hutumia mita 14 hivi kabla mguu haujafika kwenye breki, na mita nyingine 14 hadi kusimama; jumla ni 28. Kwa kilomita 100 kwa saa, mita 28 hupita kabla ya breki, kisha 55 za kusimama. Jumla ni 83. Hapa mjini petu, mita 83 ni kutoka kona ya soko hadi kupita lango la shule.

Taa nazo zina madhara yake. Balbu za gesi zenye mwanga wa samawati zikitiwa katika taa zilizoundwa kwa balbu za kawaida humwaga mwanga kila upande na kumpofusha anayekuja. Katika barabara hii yenye malori usiku kucha, na waendesha bodaboda ambao kazi yao ilizaliwa kwa kuvusha watu papa hapa mpakani, kupofushwa kwa sekunde mbili kunatosha kuua. Egzosi iliyotolewa sailensa inamwamsha mgonjwa na mtoto mchanga, na kinyume cha wanavyodhani wengi, kelele si nguvu. Na taa nyekundu na za buluu zinazomweka, pamoja na ving'ora, si mapambo. Hizo ni za magari ya dharura, na katika hilo hatutakuwa na majadiliano.

Sasa tufike kwenye karatasi, kwa kuwa hapa ni mpakani. Injini ikibadilishwa, namba yake nayo imebadilika. Tunapolikagua gari mpakani tunalinganisha namba ya chesisi na ya injini na zile zilizo katika kitabu cha gari. Zisipolingana, askari analazimika kulishuku gari kuwa la wizi. Kijana mmoja alilazimika kuliacha Starlet lake kituoni kwa siku tatu, kwa sababu risiti ya injini ilibaki kwa muuzaji aliyekuwa safarini. Injini ilikuwa halali. Siku tatu za kazi zilipotea, na wateja wake wakamwendea mwingine. Basi ununuapo injini dai risiti yenye namba na nakala ya hati za forodha, kisha upeleke mabadiliko kwa mamlaka ya usajili kabla ya kuvuka. Hali kadhalika rangi ikibadilishwa. Na kumwuzia gari jirani wa ng'ambo bila kupitia forodha ni magendo, hata kama mmezaliwa nyumba moja.

Msisahau bima. Kadi ya Njano ya COMESA humkinga mtu mwingine utakayemdhuru katika nchi jirani, lakini inasimama juu ya bima ya nyumbani. Mweleze mwenye bima kwamba gari lina tabo. Ukimficha, siku ya ajali aweza kukataa kulipa, na deni la hospitali likawa la ukoo wako.

Kuna wanaouliza: je, polisi wanaichukia michezo ya magari? Hapana. Mtu aliyeshinda Safari mara tano, mwaka 1973 na kisha miaka minne mfululizo kuanzia 1979, Shekhar Mehta, alizaliwa Uganda. Mashindano hayo yalipoanzishwa mwaka 1953 yalipita Kenya, Uganda na Tanganyika. Kwa miaka mingi yalikimbiwa katika barabara zilizo wazi, kukiwa na ng'ombe, mabasi na watoto wa shule. Baada ya mwaka 2002 yaliondolewa katika mashindano ya dunia, na yaliporejea mwaka 2021 yalirejea katika njia zilizofungwa kwa umma. Ikiwa mabingwa wa dunia wamekubali kufungiwa njia, kijana wetu naye na akubali. Uganda na Kenya zote zina mashirikisho ya michezo ya magari. Atakaye kushindana na ajiunge na klabu, avae kofia ngumu, afunge mkanda, akimbie mahali palipotengwa.

Nasi tuna deni la kukiri. Wapo kati yetu waliozoea kulihukumu gari kwa sura yake, wakalisimamisha kila Starlet lililoshushwa kana kwamba dereva wake ni mhalifu. Kufanya hivyo kunawafukuza vijana kutoka kwetu, nao hujifunza kupita njia za panya. Tumekubaliana kituoni kwamba askari atakayelisimamisha gari ataeleza kasoro aliyoiona: tairi, taa, breki au karatasi. Asipoiona, amwache dereva aende zake.

Tunaahidi jambo moja zaidi. Kila Jumamosi ya kwanza ya mwezi uwanja wa kituo utakuwa wazi asubuhi. Leteni magari yaliyofanyiwa kazi. Mkaguzi atayatazama pamoja na mafundi wenu, na kasoro itakayoonekana siku hiyo itaandikwa katika karatasi ya kurekebisha, bila faini. Fundi tuliyemtaja amejitolea kusimamia meza ya springi na mipira ya breki. Mwanafunzi yule ameanza kutembea kwa magongo, na baba yake amesema atakuja siku ya kwanza kutazama.

Vijana wetu, lirembesheni gari, likazeni, litunzeni liishi miaka mingine ishirini. Ila mwanzo wa kazi uwe breki, na mwisho wake uwe karatasi. Usalama wa mpaka huu ni wetu sote.