Miezi mitatu hadi miaka minne: mtoto yuko kwa nani?

Uzi. Haya ni mazungumzo niliyotoa kwa kina mama na vijana wa wadi yetu hapa Tononoka. Wengi waliniomba niyaandike, nami nimeondoa salamu ndefu na vicheko, mengine ni yale yale. Kawaida ya hapa mnaijua: hatutaji mwanasiasa wala chama. Tunachambua hoja.

Jamani, mimi si mtu wa siasa. Nalea watoto wa wenzangu nyumbani kwangu, huu mwaka wa 11. Wa kwanza huletwa saa kumi na mbili asubuhi, mamake akiwahi Marikiti, na wa mwisho huchukuliwa baada ya magharibi. Wengine wanaita deikea. Watoto wenyewe wananiita nyanya.

Uwanja wetu wa Tononoka umesikia ahadi nyingi. Na kila msimu wa kura, ahadi ya mtoto mdogo ni moja tu: "tutawajengea nasari." Nasari ni kitu kizuri, sikatai. Lakini hebu tuhesabu pamoja.

Sheria ya Ajira ya 2007 inampa mama aliyeajiriwa likizo ya uzazi ya miezi 3 kwa mshahara kamili. Nasari ya serikali, yaani PP1, ni ya mtoto wa miaka 4. Toa miezi 3 kwenye miaka 4. Imebaki miaka mitatu na miezi tisa. Muda wote huo mtoto yuko kwa nani? Hapo ndipo midahalo yetu inaponyamaza kimya.

Na hiyo miezi 3 yenyewe ni ya mwenye mwajiri. Mama wa mahamri na mbaazi kule Mwembe Tayari, likizo atapewa na nani? Wazee wetu walimfungia mzazi siku arubaini, analetewa uji wa pilipili manga mpaka kitandani. Siku hizi nawaona wakirudi kwenye karai hata ishirini hazijafika, kwa sababu mtaji umeliwa.

Sasa tuje kwenye hoja mnazozisikia.

Ya kwanza: "hiyo ni kazi ya serikali kuu." Hapana. Fungueni Katiba ya 2010, Jedwali la Nne, sehemu ya pili, ile ya kazi za kaunti. Kifungu cha 9 kinataja elimu ya chekechea, na katika sentensi hiyo hiyo kinataja vituo vya kulelea watoto. Vimeandikwa wazi, tena pamoja. Tangu kaunti zianze 2013, tumesikia sana kuhusu nusu moja ya ile sentensi: madarasa, walimu, uji. Nusu ya pili imekaa kama mtoto wa kambo. Darasa lina utepe wa kukata, na picha yake inapendeza. Mtoto wa miezi minane anayehitaji kubadilishwa nepi hana utepe.

Kwa hivyo mgombea ubunge akisimama na kusema atawajengea nasari, muulizeni kwa adabu: kwa pesa gani? Sheria ya mfuko wa maeneo bunge ya 2015 inasema miradi yake iwe ya kazi za serikali ya kitaifa. Nasari ni ya kaunti. Pengine ana jibu zuri. Mwacheni ajibu.

Hoja ya pili, na hii hunigusa mwenyewe: "deikea za vichochoroni zifungwe, hazijasajiliwa." Nimeshafikiwa na maafisa, ofisi sitaitaja. Walihesabu watoto, wakaangalia choo, wakaniambia nina siku kumi na nne za kupata vibali. Nikauliza vibali gani, kwa mpangilio upi, kwa shilingi ngapi. Kila mmoja akanielekeza kwa mwenzake. Nilikwenda ofisi nne. Afya wanasema anza na elimu, elimu wanasema hawa ni wadogo mno si wetu, nenda kwa watoto. Kwa watoto wakaniuliza kama hiki ni kituo cha mayatima.

Wanaotaka zifungwe wana sababu. Kuna nyumba nimeziona mwenyewe: watoto kumi na wanane chumba kimoja, jiko la makaa hapo hapo, mlezi mmoja tena anafua nguo za watu. Ile si salama, na atakayesema ni salama anawadanganya. Lakini ukifunga leo, kesho saa kumi na mbili asubuhi wale kumi na wanane wanakwenda wapi? Marikiti haifungwi. Watafungiwa ndani, au watabebwa barabarani, au ataitwa dada yao.

Hapo kwa dada nataka tukae kidogo. Mwaka jana kulikuwa na msichana wa darasa la nne, jirani yangu. Mamake alikosa shilingi mia ya kila siku ya mtoto mdogo, basi akambakiza nyumbani Jumatatu na Alhamisi, siku za mzigo sokoni. Mwalimu akadhani mtoto ni mtoro. Mimi nilijua kwa sababu nilimsikia dirishani akimwimbia mdogo wake hesabu za jedwali la saba. Nikamwambia mamake mlete kwangu, tutaelewana mbele. Lakini mimi ni mmoja, na chumba changu ni kimoja. Tukisema elimu ya msingi ni ya lazima na ya bure, tuulize pia ni wangapi wanaikosa kwa kuwa nyumbani kuna mtoto wa kushikwa.

Nairobi walitunga sheria yao ya vituo vya kulelea watoto mwaka 2017. Wakaazi wake watawaambia kama inafuatwa. Tanzania Desemba 2021 walizindua mpango wa taifa wa malezi, makuzi na maendeleo ya awali ya mtoto, wa kuanzia mimba hadi miaka 8, ukiunganisha afya, lishe, elimu na ulinzi badala ya kila wizara na lake. Mpango wa karatasi si uji, najua. Lakini angalau mtu anajua aende ofisi gani.

Na sisi Mombasa tusijidharau. Miaka ya 1980 wazazi wa hapa walikuwa njia panda: mtoto aende nasari au aende chuoni? Wakasaidiwa na Taasisi ya Aga Khan, Bi Swafiya Said akiwa mbele, zikaanzishwa shule za awali za madrasa. Wanawake wa mitaa hiyo hiyo walifunzwa wakawa walimu, na kamati za wenyeji zikasimamia. Mpango ukaenda Zanzibar na Uganda. Ulitoka hapa! Kwa hivyo mtu akisema mama wa mtaani hawezi kufunzwa kulea kitaalamu, mwambieni aulize historia ya mji wake.

Hoja ya tatu, "malezi ni ya nyumbani, serikali isiingie." Nakubali nusu. Zamani mtoto alikuwa wa mtaa mzima, na bibi alikuwa barazani. Bibi wa leo naye anauza viazi karai, kodi haimsubiri. Anayesema hivi jukwaani, mara nyingi kwake kuna yaya wawili.

Mliniuliza pia msaada uliopo sasa hivi unapatikana wapi, kabla hizo ahadi hazijatimia. Haraka haraka. Kliniki ya watoto si ya chanjo peke yake. Mtoto anapimwa uzani na ukuaji mpaka miaka 5, na wengi wenu mnaacha kwenda baada ya sindano ya surua ya miezi 9, mkasahau ile ya miezi 18. Mhudumu wa afya wa mtaani, wale waliopewa mikoba ya vifaa 2023, mwiteni nyumbani, ni kazi yake. Mtoto akichelewa kukaa, kutembea au kusema, msingoje "atasema tu": kuna vituo vya serikali vya kutathmini watoto wenye mahitaji maalum, vinaitwa EARC, ulizeni ofisi ya elimu. Ukiona mtoto anateswa, piga 116. Ni bure, usiku na mchana.

Na bajeti. Makadirio ya kaunti hufikishwa kwa bunge la kaunti kabla ya Aprili 30, na kabla ya hapo wananchi huitwa watoe maoni. Tukienda, tunaomba taa za mtaa na mitaro. Safari hii nitasimama niulize moja tu: chini ya miaka 4, mwaka huu, shilingi ngapi, na ziko ukurasa gani? Mkija nami, tukae mbele.

Tulipofika maswali, kijana mmoja wa boda akauliza, "Na sisi kina baba, sheria inatutaka nini, au ni mambo ya kina mama tu?" Ukumbi ukacheka. Nikamjibu: likizo yako ukiajiriwa ni wiki 2, kwa mshahara. Na Katiba, kifungu cha 53, inasema mtoto ana haki ya kulelewa na baba na mama kwa wajibu ulio sawa, mmeoana au hamjaoana. Ukiuliza maana yake, mahakama ya watoto iko hapo Tononoka, dakika chache kwa miguu.

Akaniuliza kama napokea watoto Jumapili, maana zamu ya mkewe imebadilishwa. Nikamwambia amlete tu, na yeye mwenyewe aje mapema amchukue.