Ugonjwa wa Kupooza na Matone ya Kuukinga



Mara nyingi mama huuliza, "Katika mtaa wetu hakuna mtoto aliyelemaa, ya nini basi wetu kupewa matone?" Swali hilo si la kipumbavu, na lastahili kujibiwa.

Polio, yaani ugonjwa wa kupooza, huletwa na kijidudu kidogo mno kiingiacho kinywani kwa maji au chakula kilichochafuliwa na choo, kisha huongezeka matumboni. Wengi wakipatao hawaugui hata kidogo, au hupata homa ndogo wakapona. Katika watu 200 walioambukizwa, yapata mmoja tu ndiye hupooza, wala hakuna dawa ya kumrudishia nguvu za mguu wake. Basi aonekanapo mtoto mmoja aliyelemaa ghafula, yamkini wako wengine wapatao mia mbili wachezao na kucheka, huku wakikieneza kijidudu kile bila kujua. Ndui ilijionyesha usoni mwa mtu. Polio haipigi hodi.

Jambo hili lilionekana Dadaab mwaka 2013. Kijidudu kilikuwa kimezuka Somalia, ambako watu zaidi ya 190 walipatikana na ugonjwa mwaka huo, kikavuka mpaka pamoja na wasafiri wasioonyesha dalili yoyote. Katika Kenya watu 14 waliugua. Matone yakatolewa nyumba kwa nyumba, tena na tena, hata kikatoweka. Mwezi Agosti 2020 Afrika ilitangazwa kuwa imeokoka na polio ya asili. Lakini mapema mwaka 2022 Malawi ilitangaza mgonjwa aliyepatwa na kijidudu cha jamii ya kile cha Pakistan.

Tena lisifichwe hili: matone yana kijidudu kilichodhoofishwa, nacho kikizunguka siku nyingi kati ya watu wengi wasiochanjwa chaweza kurudiwa na nguvu. Ndivyo ilivyokuwa Garissa mwaka 2023. Hatari hiyo huondolewa kwa kuwachanja watoto wote, si kwa kuwaacha.

Matone hutolewa mtoto azaliwapo, kisha atimizapo wiki 6, 10 na 14. Iko pia chanjo ya sindano. Aliyekosa mara moja asifichwe nyumbani kwa haya, bali apelekwe pamoja na kadi yake. Na mtoto yeyote aliye chini ya miaka 15 akilegea mkono au mguu kwa ghafula, habari ifike zahanati siku ile ile, ili choo chake kipelekwe kupimwa.