Mwezi Ulio Manju: Ngoma, Maji na Wakati katika Ghuba ya Mikindani

Mwezi unaoimba ni wazo la kale. Wafuasi wa Pythagoras huko Ugiriki walidai kuwa sayari zikizunguka hutoa sauti zinazolingana, na mwaka 1619 Johannes Kepler aliziandikia sayari nota zake, mwezi ukiwamo. Novemba 1969 wanaanga wa Apollo 12 waliiangusha makusudi sehemu ya juu ya chombo walichotua nacho mwezini. Kipima mitetemo walichokiacha kule kilionyesha ardhi ya mwezi ikitetemeka kwa karibu saa nzima, kama kengele iliyogongwa. Lakini mwezi hauna hewa ya kubeba sauti hadi sikioni. Anayeutaka muziki wake hana budi kuutafuta huku chini, na pwani ya Mikindani inafaa kwa kazi hiyo.

Maelezo yaliyozoeleka kuhusu mwezi na ngoma ni mafupi: mbalamwezi ilikuwa taa. Watu wa kale hawakuwa na umeme, wakacheza usiku wenye mwanga. Zilipokuja karabai na globu, mwezi ukaachishwa kazi. Maelezo haya yamerudiwa sana kuliko yalivyopimwa.

Yapimwe kwanza kwa mwezi mwandamo. Jioni ya kuandama, mwezi ni mwembamba kama ukucha, na hutua muda mfupi baada ya jua. Hautoshi hata kumwonyesha mtu njia ya kisimani. Ndio huo huo unaoanzisha Ramadhani na kuifunga, na ukionekana mwishoni mwa mfungo, vigelegele na ngoma za Idi haviulizi kama kuna mwanga. Kigoma cha daku nacho hupigwa mwezi mzima, hata zile siku za mwisho ambapo usiku ni giza totoro. Maulidi husomwa Mfungo Sita, bila kujali kama msikiti umewashwa taa au la. Gesi iliyogunduliwa Mnazi Bay mwaka 1982 sasa inaendesha mitambo ya umeme ya Mtwara, na bado ikifika siku ya 29 watu wanatazama magharibi kwanza. Taa haikuuondoa mwezi kazini kwa sababu kazi yake haikuwa utaa.

Kipimo cha pili ni bahari. Bamvua huja mara mbili katika kila mzunguko wa siku 29 na nusu: mwezi ukiwa mpevu, na mwezi ukiwa haupo machoni. Siku hizo maji katika pwani hii hupanda na kushuka kwa zaidi ya mita 3; siku za maji mafu tofauti hupungua sana. Jambo lisilotajwa na wenye hoja ya taa ni saa. Wakati wa bamvua maji hukauka mnamo saa nne asubuhi. Saa hiyo mwezi mpevu umekwisha kutua, na mwezi mchanga umefichwa na jua. Wanawake wanaoshuka mwambani kuchokoa pweza hufuata amri ya mwezi ambao hauonekani kabisa.

Mtoa mhadhara huu alilelewa na bibi wa aina hiyo. Nyumbani hapakuwa na saa. Bibi alihesabu siku tangu kuandama, akaongeza kama dakika 50 kwa kila siku bila kujua kuwa zinaitwa dakika, na hakukosea. Mwambani waliimba. Wimbo haukuishia kwenye ubeti. Uliishia pale maji yalipogusa vifundo vya miguu. Mjukuu alipolalamika kuwa ubeti umekatwa, alijibiwa kuwa aliyekata si wao.

Jibu hilo ndilo linalofungua chanzo muhimu kuliko vyote kwa ukanda huu: silinda za nta za Karl Weule. Mwaka 1906, moshi wa vita vya Maji Maji ukiwa haujatulia, Weule wa makumbusho ya Leipzig alipita Masasi, Newala na nyanda za Wamakonde akiwa na fonografu na kamera ya filamu. Aliandika habari za safari hiyo kwa kirefu, unyago ukipewa nafasi kubwa. Thamani ya silinda zake haina mfano: ni sauti za watu waliozaliwa karne ya 19, pumzi zao zikiwa zimechorwa katika nta. Silinda moja, hata hivyo, hubeba dakika chache tu. Mwimbaji husimama mbele ya pembe, sindano inaanza, sindano inafika mwisho. Anayesikiliza leo atadhani wimbo ulikuwa mfupi. Kilichopotea hapo ni yule mwenye mamlaka ya kuanzisha na kukomesha; nafasi yake imekaliwa na mashine.

Haki itendeke kwa upande wa pili. Jando na unyago hufuata mavuno, na siku hizi likizo za shule. Dansi hufuata Jumamosi na mshahara. Na ni kweli kuwa watoto hucheza vizuri zaidi penye mbalamwezi. Si kila ngoma ni ya mwezi.

Pamoja na hayo yote, manju, yaani kiongozi wa ngoma, hatambuliwi kwa kupiga ngoma wala kwa kuwaangazia wachezaji. Hutambuliwa kwa kuwa wengine hawaanzi kabla yake, na ndivyo ulivyo mwezi. Lugha za ukanda huu zinakubali: Kiswahili huita mwezi kile cha angani na zile siku 29 au 30, Kiyao husema mwesi, Kimakua mweri, kwa maana zote mbili. Jina ni la wakati, na wakati ndio sehemu ya muziki inayotangulia sauti.