Posho au Mshahara? Ujira Sawa kwa Walimu wa Mkataba Kanda ya Dhahabu

Katika vijiji vya machimbo kama Nyarugusu na Rwamgasa mkoani Geita, au Kakola wilayani Kahama, idadi ya wanafunzi haifuati mwaka wa bajeti. Hufuata dhahabu. Rashi, yaani mmiminiko wa wachimbaji kufuata dhahabu mpya, ikitokea, familia huhamia na watoto wao, mashine za karasha huanza kusaga mawe, na mwalimu mkuu hubaki na walimu wale wale mbele ya darasa lililofurika. Kibali cha ajira hutoka Dodoma, na kina foleni yake. Ndipo kijana mwenye cheti au diploma, aliyekuwa mtaani akisubiri ajira, anapochukuliwa kwa makubaliano ya miezi kadhaa na kitu kinachoitwa posho.

Kuziba pengo kwa njia za mkato kuna historia ndefu nchini Tanzania. Baada ya Azimio la Musoma la 1974, wahitimu wa darasa la saba walifundishwa ualimu wakiwa kazini ili mpango wa elimu ya msingi kwa wote (UPE) uende. Shule za kata zilipofunguliwa kwa wingi katikati ya miaka ya 2000, waliomaliza kidato cha sita walipigwa msasa kwa muda mfupi na kupewa leseni ya kufundisha. Wananchi wakawabatiza "voda fasta". Mwalimu wa mkataba wa leo ana tofauti moja kubwa na hao: yeye ana sifa kamili. Amesomea kazi ileile kwa muda uleule na mwenzake wa kudumu.

Tofauti yao haionekani darasani. Wote wawili wanaandika azimio la kazi na andalio la somo, wanashika zamu, wanasaini daftari la mahudhurio, wanasahihisha madaftari hadi jioni. Tofauti huonekana mwisho wa mwezi. Mmoja ana cheki namba ya mtumishi, mshahara wa TGTS, yaani ngazi za walimu serikalini, michango ya mfuko wa pensheni wa PSSSF na kadi ya bima. Mwingine anasaini karatasi ya malipo ofisini kwa mwalimu mkuu, kiasi kikitegemea michango ya wazazi imefikia wapi. Tangu Waraka wa Elimu Namba 5 wa 2015 uondoe ada na michango ya lazima, chanzo hicho nacho kimekuwa cha kubahatisha. Julai 2025 kima cha chini cha mshahara serikalini kilipanda kutoka shilingi 370,000 hadi 500,000. Ongezeko hilo halimgusi mtu ambaye barua yake haina neno mshahara.

Sheria inasemaje? Ibara ya 23 ya Katiba ya 1977 iko wazi: kila mtu, bila ubaguzi, anastahili ujira unaolingana na kazi yake. Sheria ya Ajira na Mahusiano Kazini ya 2004 haina makali hayo. Kifungu cha 7 kinakataza ubaguzi kwa misingi mingi, kuanzia kabila na dini hadi ujauzito na ulemavu, lakini aina ya mkataba haimo kwenye orodha; na ujira sawa unaotajwa humo ni kati ya wanaume na wanawake. Kwa hiyo anayejenga hoja yake juu ya kifungu hicho peke yake amejenga kwenye mchanga. Kifungu cha 14 nacho kinaruhusu mkataba wa muda maalumu kwa wanataaluma, na mwalimu ni mwanataaluma. Mkataba wenyewe si kosa. Kosa liko kwenye malipo.

Silaha nzuri zaidi imejificha kwenye Sheria ya Taasisi za Kazi, Namba 7 ya 2004. Kifungu cha 61 kinasema mtu atachukuliwa kuwa mwajiriwa ikiwapo hata dalili moja kati ya kadhaa: anapangiwa kazi na saa za kazi, anapewa vitendea kazi, au amefanya kazi wastani wa saa 45 kwa mwezi katika miezi mitatu iliyopita. Mwalimu wa mkataba, hata akiitwa wa "kujitolea", mwenye vipindi kwenye ratiba hufikisha saa hizo kabla mwezi haujafika nusu. Jina la barua halibadilishi hilo.

Kenya wamekwisha kulipeleka suala kama hili mahakamani. Walimu tarajali wa sekondari ya chini walikuwa wakilipwa shilingi 20,000 za Kenya kwa mwezi, huku wakibeba mzigo kamili. Tarehe 17 Aprili 2024, Jaji Byram Ongaya aliamua kwamba Tume ya Huduma za Walimu haikuwa na mamlaka ya kuwaajiri kwa utaratibu huo. Migomo ikafuata, na Januari 2025 walimu wapatao 46,000 wakaingizwa kwenye ajira ya kudumu. Pendekezo la ILO na UNESCO la 1966 lilikwisha kusema zamani: mwalimu mwenye sifa asilipwe chini ya ngazi ya wenzake kwa sababu tu ni wa muda.

Halmashauri za kanda hii haziwezi kujitetea kirahisi kwamba hazina kitu. Zinapokea ushuru wa huduma kutoka migodini, na tangu marekebisho ya 2017 Sheria ya Madini inazitaka kampuni zikubaliane nazo mpango wa kila mwaka wa huduma kwa jamii. Majengo ya madarasa hupata fedha hizo, kwa sababu jengo huzinduliwa kwa utepe. Mshahara wa mwalimu hauna utepe.

Kwa anayetaka kudai, kuna mtego wa kuangalia. Tangu 2016, kifungu cha 32A cha Sheria ya Utumishi wa Umma kinamtaka mtumishi wa umma amalize kwanza ngazi za rufaa za utumishi kabla ya kwenda kwenye vyombo vya kazi. Mwajiri anaweza kumwita mwalimu "wa kujitolea" anapodaiwa mshahara, kisha akamwita "mtumishi wa umma" akifika Tume ya Usuluhishi na Uamuzi, CMA. Hayawezi kuwa kweli yote mawili: akiwa mtumishi, alipwe kwa ngazi ya TGTS, asipokuwa, 32A haimzuii. Dai la malipo hupelekwa CMA ndani ya siku 60, na la kuachishwa kazi ndani ya siku 30. Kwa hiyo nakala za ratiba, daftari la mahudhurio na karatasi za malipo zikusanywe mapema, mwalimu akiwa bado kazini.